Mzee ameomba nitoe kipande cha filamu kinachoonyesha dawa, mfadhili anakitaka. Nifanyeje?

Hamjambo wadau, naomba ushauri wenu.

Natengeneza filamu ya makala kuhusu jamii ya Waogiek na mizinga yao ya asali katika Msitu wa Mau, Kenya. Ni hawa walioishinda serikali ya Kenya, katika kesi ya kufurushwa msituni, kwenye Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu kule Arusha mwaka 2017, kwa hiyo mambo ya msitu huku si ya kuchezea. Mzee mmoja alinipeleka kuona mizinga yake ya magogo. Njiani akasimama, akabandua gome la mti kwa panga, akaeleza mbele ya kamera linatibu nini, linachemshwa vipi, kipimo na yote. Dakika nne hivi, na kusema kweli ndizo tamu kuliko zote nilizorekodi.

Wiki jana akanipigia: "Mwanangu, ile ya gome itoe. Si yangu peke yangu."

Shida ni kwamba alishatia sahihi fomu ya ridhaa, na mfadhili ameshakiona kipande hicho. Nilipendekeza tuondoe sauti na kuficha majani, mfadhili akakataa. Kwa mzee sijarudi bado, naona haya.

Najua ipo sheria ya Kenya ya 2016 ya kulinda maarifa ya jadi. Je, sahihi ya mtu mmoja inatosha kwa maarifa ya ukoo mzima, au ilinipasa kuomba idhini ya jamii? Na zile video ghafi, nizifute au niwakabidhi wenyewe?