Siku moja Saint-Malo: je, muda unatosha?

Swali

Salamu, ndugu zangu. Mwezi ujao nitakuwa Paris pamoja na mama yangu, na tumekusudia kwenda Saint-Malo, ule mji wa pwani ya Bretagne uliozungukwa na kuta za mawe, na kurudi usiku huohuo. Mama hutembea vizuri penye tambarare, ila ngazi nyingi humletea maumivu ya magoti. Naomba ushauri: tuanzie juu ya kuta, ndani ya mji, au kisiwani Grand Bé?

Jibu la kwanza

Siku inatosha, mradi mpange kila kitu kwa kufuata maji. Treni ya moja kwa moja kutoka kituo cha Montparnasse huchukua takribani saa mbili na nusu, lakini si zote zinazokwenda moja kwa moja. Nyingine hukulazimu kubadilisha treni katika mji wa Rennes. Kabla ya kukata tiketi, tazama jedwali la kupwa na kujaa la siku hiyo, kwa kuwa tofauti ya kina kati ya maji makuu na maji kupwa pale huweza kupita meta 12, na Grand Bé hufikika kwa miguu maji yakiwa yametoka tu.

Mkiweza, chagueni siku za bamvua, mwezi unapoandama au unapokuwa mpevu. Wakati huo maji hupwa kabisa alasiri ya mapema, karibu na saa nane, nanyi mtakuwa mmeshafika na kupumzika. Siku za maji mafu, mwezi ukiwa nusu, mambo hugeuka: maji hujaa adhuhuri, na saa zenu nzuri za mchana huliwa na bahari. Njia ya mawe inayoanzia ufuo wa Bon-Secours ina mwani unaoteleza, kwa hiyo mama avae viatu vinavyoshika. Maji yakianza kurudi, ondokeni mara moja, kwani anayechelewa hana budi kukaa kisiwani saa kadhaa hadi njia ifunguke tena, na kujaribu kuvuka ni kuhatarisha maisha.

Jibu la pili

Nakubaliana na mwenzangu kuhusu maji, lakini kwa ajili ya magoti ya mama ningeanza na kuta. Ngazi hupandwa mara moja tu, karibu na lango la Saint-Vincent, na baada ya hapo mzunguko mzima, usiofika kilomita 2, kwa sehemu kubwa ni tambarare na hauna kiingilio. Simameni kwa muda kwenye ngome ya Hollande: kutoka hapo Grand Bé na kisiwa jirani cha Petit Bé huonekana vizuri, nanyi mtaona kwa macho yenu kama njia imeshatoka majini.

Mkiwa ndani, kumbukeni kwamba sehemu kubwa ya mji iliteketea Agosti 1944 na kujengwa upya kwa mawe ya matale. Baadhi ya wageni huondoka wakidhani kila nyumba ni ya karne ya 18, na naona hilo linawanyima wajenzi wale heshima yao. Sanamu ya nahodha Surcouf nayo itazameni mkijua kwamba, mbali na kuteka meli za Waingereza, alishiriki biashara ya watumwa. Utajiri wa mji huu una upande huo pia.

Muuliza swali

Nawashukuru sana. Je, mama asipoweza kuvuka, atakosa jambo kubwa?

Jibu la kwanza

Kisiwani kuna kaburi la mwandishi Chateaubriand, aliyefariki 1848: bamba la mawe na msalaba, bila jina, likitazama bahari. Ni pazuri, lakini asilazimishwe. Mama anaweza kukungoja penye ufuo wa Bon-Secours, kando ya bwawa la kuogelea ambalo bahari hulijaza yenyewe kila inapopanda, nawe ukavuka na kurudi pasipo haraka.