Gemu la video la mpira kufutwa: nitajuaje kama ni kweli?

Swali: Wakuu, kwenye magrupu ya WhatsApp inazunguka picha kwamba gemu la mpira la mwakani limefutwa. Kuna duka Kariakoo linataka nilipie kabisa sasa hivi. Nihakikishe vipi?

Jibu: Mkuu, skrinshoti si ushahidi. Fungua mwenyewe tovuti ya kampuni inayolitoa, kisha ukurasa wa gemu Steam, duka la mtandaoni la gemu za kompyuta. Ukurasa ukiwa umetoweka, bandika kiungo chake Wayback Machine (tovuti inayohifadhi nakala za kurasa za zamani) uone ulikuwepo lini mara ya mwisho. Ila kutoweka pekee hakutoshi: leseni ya kutumia majina ya timu na ligi ikiisha, gemu huweza kuondolewa sokoni.

Jibu: Huenda ni jina tu limebadilika. Gemu la FIFA la kampuni ya EA liligeuka EA Sports FC 24 mwaka 2023. NBA Elite 11, gemu lao la kikapu, ndiyo ilifutwa kweli, 2010, na EA wenyewe walitangaza.

Jibu: Risiti iandikwe pesa itarudi gemu lisipotoka. Wakikataa, usilipe.