Wenye maduka ya kuku hapa Malindi, stima ikipotea saa 14 ile nyama mnaipeleka wapi??

Wadau salaam aleikum, na wasio waislamu hamjambo. Uzi ni mrefu na nina hasira, mwenye haraka apite tu ila mwenye watoto naomba asome mpaka chini.

Jumapili iliyopita mpwa wangu alihitimu msahafu. Ana miaka 9. Dadangu akamuuliza wataka zawadi gani, akasema kuku wa lile duka lenye picha kubwa, lile lenye matawi Mombasa na Nairobi. Jina silitaji, nataka kwanza wajibu wenyewe. Mjomba mtu ndio mimi, nikatoa pesa, nikaenda kwa miguu yangu baada ya adhuhuri, nikalipa M-Pesa, risiti ninayo mpaka sasa hivi. Vipande 15, chipsi, na ile saladi nyeupe ya kabeji. Tukala watu 7. Nyanya yao meno hayampi kuku siku hizi, akala chipsi zake peke yake.

Magharibi haijaadhiniwa mtoto akaanza kutapika. Kisha nduguye. Kisha mama yao. Kufika isha watu 6 twapishana kwenye choo kimoja, na mzima nyumbani ni yule bibi wa miaka 70 na kitu aliyekula viazi, yeye ndio atushike sisi. Yule mdogo wa miaka 3 akalegea, macho yakaingia ndani, alia machozi hayatoki, tukamkimbiza hospitali kwa tuktuk usiku. Dripu 2. Na pale hospitali tukakuta watu wametoka Maweni na mtoto wao hali ile ile, kuwauliza mmekula nini, kuku, wapi, pale pale, mchana ule ule.

Daktari alituuliza mlikula saa ngapi na kutapika kumeanza saa ngapi, tukamwambia ni kama masaa manne matano hivi. Akasema kutapika kwa haraka namna hiyo bila homa kubwa mara nyingi ni sumu ambayo vijidudu vimeshaiacha kwenye chakula kilichokaa kwenye joto, na ile sumu HAIFI kwa moto. Yaani kijidudu chenyewe ukikikaanga kitakufa lakini alichokiacha kinabaki. Nataka watu walishike hili manake kila mtu aniambia "aah si kimekaangwa kwa mafuta ya moto, kitakuwaje kibaya". Ndio kinakuwa kibaya. Kikishaharibika kabla ya kuingia mafutani, mafuta hayakisafishi.

Sasa turudi nyuma siku mbili. Ijumaa ile mnakumbuka wenyewe, stima ilipotea saa mbili usiku ikarudi Jumamosi saa nne asubuhi. Saa 14. Mimi nakumbuka vizuri kuliko wengi kwa sababu mimi ni mchuuzi wa samaki. Usiku ule sikulala, nilikuwa nahangaika na barafu, barafu ikaisha, asubuhi nikafungua sanduku nikanusa, nikabonyeza, kolekole wawili na changu kama kilo 12 hivi, mashavu yameshageuka rangi. Nilimwaga. Pesa ya kukopa ile, na nilimwaga mbele ya mke wangu akilia. Singeweza kumuuzia mtu. Nikimuuzia mtu samaki aliyelala, yaani aliyeharibika, kesho yake asubuhi atakuja na mume wake na jirani zake na sufuria mkononi, wataniita kwa jina langu na jina la babangu mbele ya watu wote. Mnunuzi wa samaki amfunua shavu, aangalia jicho, abonyeza mgongo, ananusa, ndio atoe shilingi yake. Kuku wa duka utamfunua wapi? Kavikwa unga na pilipili na chumvi, kakaangwa akawa mwekundu, kawekwa kwenye boksi lenye picha. Wewe mnunuzi huna jicho wala pua pale, uko mikononi mwao asilimia mia. Ndio maana wao wanatakiwa wawe waangalifu mara kumi kuliko mimi na sanduku langu.

Na siku ile duka lilikuwa wazi jamani. Ijumaa usiku nimepita taa zawaka, jenereta yalia, watu wanakula. Kijana mmoja wa pale, simtaji asije akafukuzwa, aliniambia jenereta yao yavuta taa na mashine za kukaangia na kaunta, mafriji hayajaunganishwa kwa sababu yanakula dizeli sana. Wallahi niliposikia hivyo mikono ilitetemeka. Yaani stima ya kuuzia ipo, ya kuhifadhia haipo!!

Jumatatu nikaenda na risiti yangu. Meneja akanitoa pembeni, sauti ya chini, tabasamu. Akaniambia moja, kuku wetu anatoka Mombasa kwa saplaya anayekubalika. Mbili, friza ikifungwa inakaa na baridi hata siku mbili. Tatu, una ushahidi gani ni kuku wetu, labda ni maji ya kwenu. Kisha akanipa vocha ya vipande 5 bure. Vocha. Mtoto ana alama ya sindano mkononi mimi napewa vocha ya kuku yule yule.

Nimjibu hapa hapa manake pale nilishindwa kusema, hasira ilinikaba.

Friza ni kweli. Friza iliyojaa na HAIKUFUNGULIWA yakaa karibu siku 2, ikiwa nusu ni kama siku moja, hayo nayajua ni kazi yangu. Lakini nyinyi mlikuwa mnauza usiku ule, mlikuwa mkichota wapi? Mlango unafunguliwa kila dakika kumi. Tena kuku wa kukaangwa kesho hakai kwenye friza, anatolewa mapema ayayuke kwenye friji, na friji bila stima ni masaa 4 tu, baada ya hapo hesabu imekwisha. Chakula kikiwa kati ya nyuzi 5 na nyuzi 60 vijidudu vinazaana, na kwa joto letu hili la kaskazi, usiku mtu alala nje kwenye baraza, ndani ya jiko lenye mashine za mafuta ni nyuzi ngapi? Kwa joto la namna hiyo vijidudu vinaweza kuongezeka mara mbili kila dakika 20. Haya pigeni hesabu ya saa 14.

Maji ya kwetu nayo, nyanya yao anakunywa maji hayo hayo, mbona hakuugua? Na wale wa Maweni, maji yetu yamewafuata huko?

Sisemi nina karatasi ya maabara, boksi lilishatupwa na paka walikula mifupa. Yawezekana ni friji, yawezekana ni kile kisanduku cha kioo chenye taa ambacho vipande vinakaa vikisubiri mteja, kile kinatakiwa kizidi nyuzi 60 na mimi nilipewa kuku wa vuguvugu. Au ni mikono ya mtu. Au hiyo saladi. Lakini ndio nawauliza, kwa sababu anayeweza kujua ni wao. Duka lenye jina linatakiwa liwe na daftari, friji ilikuwa nyuzi ngapi asubuhi, ngapi jioni, kuku aliingia lini, katoka shehena ipi. Nilimwomba meneja anionyeshe ukurasa wa Jumamosi tu. Akasema hizo ni siri za kampuni. Siri!

Na kuna watu wataniambia ati mimi nachukia biashara ya watu, mbona mama wa viazi karai sisemi. Nasema hivi. Mama wa viazi karai anunua ndoo yake moja, aichemsha, aikaanga mbele yako, saa tatu usiku imekwisha anakwenda kulala. Hana friza kwa hivyo hakuna kinacholala. Akikosea wataugua watu kumi wa mtaa mmoja na kesho kila mtu anajua ni nani. Duka lenye matawi likikosea ni jambo lingine kabisa manake shehena moja inagawiwa miji yote. Marekani 1993 Jack in the Box waliuza baga zisizoiva sawasawa, jimbo la Washington sheria yao ilitaka nyuzi 68 wao wakipika kwa 60, nyama ile ilikuwa na vijidudu vya E. coli, wakaugua watu zaidi ya 700 na watoto 4 wakafa. WATOTO. Na Oktoba 2024 McDonald's huko huko, safari hii hata sio nyama, ni kitunguu kibichi cha kuweka ndani ya baga, kilichokatwa kiwandani kikapelekwa maduka tele, watu 104 katika majimbo 14 na mzee mmoja akafa. Kitunguu tu. Lakini kwa wale ilijulikana kwa siku chache kilichotokea ni nini, wakaondoa hiyo baga kwenye karibu moja kwa tano ya maduka yao nchini, kwa sababu kulikuwa na karatasi za kuonyesha kitu gani kimetoka wapi kimekwenda wapi. Hapa kwetu naulizia karatasi napewa vocha.

Tena maduka haya yenye matawi yenyewe yanajua mzigo wao waning'inia kwenye uzi mwembamba. Mwakumbuka Januari 2022 KFC Kenya ilipoishiwa chipsi, tukaja kujua kumbe viazi vyao wakati ule vyatoka Misri vimegandishwa, meli ikichelewa hakuna chipsi, na Nyandarua viazi vinaoza shambani. Wakenya walikasirika na walikuwa na haki. Uingereza Februari 2018 hao hao KFC walibadilisha kampuni ya kusafirisha, kuku hakufika, zaidi ya nusu ya maduka yao karibu 900 yakafungwa. Mimi lile la kufunga sililaumu hata kidogo. Kuku hakufika, funga. Kuku kaharibika, mwaga, funga. Hasara yauma lakini ni hasara ya pesa. Balaa ni yule ambaye mzigo umechelewa au friji imezima na yeye ASIFUNGE, akaendelea kuuza alichonacho.

Na sisi Malindi tuko mwisho wa barabara. Kuku akitoka Mombasa ni zaidi ya kilomita 100, lori likipata pancha pale njiani na mashine yake ya baridi ikizimwa kuokoa mafuta nani atajua? Mafuriko ya mwisho wa 2023 maji yalipokata barabara pale Mbogolo malori yalilala. Wenzetu wa Lamu ndio zaidi, mzigo ushuke Mokowe uingie boti ndio ufike kisiwani, jua kichwani. Kwa hivyo mtu anayefungua duka la vyakula vya baridi pwani hii ni lazima aanze kwa kujiuliza stima ikipotea nafanya nini, barabara ikikatika nafanya nini. Stima kupotea kwetu si ajali, ni kawaida. Ile ya Agosti 2023 nchi nzima ilikuwa gizani. Huwezi kuja mwaka huu ukaniambia "stima ilitusurprise".

Nilizungumza na jamaa mmoja anayezijua hizi kazi za afya ya umma akaniambia bwana afya wa kaunti ana uwezo kisheria wa kuingia jikoni, kukagua, na chakula kibovu kukichukua na kukiteketeza. Sheria ya Afya ya Umma iko toka zamani. Na wafanyakazi wa jikoni wanatakiwa wapimwe kila miezi 6. Sawa. Lakini sisi wachuuzi wa samaki twakaguliwa, masanduku yafunguliwa, ushuru wa kaunti twalipa kila siku, mtu mwenye kibanda cha makuti akikosa cheti anafungiwa siku hiyo hiyo. Lile duka la vioo na AC lilikaguliwa lini mara ya mwisho? Nani aliingia pale Jumamosi asubuhi baada ya giza la saa 14? Naulizia kwa sababu kama hakuna aliyeingia basi tuseme wazi kuwa ukaguzi ni wa maskini.

Nnachotaka sio pesa. Dripu na dawa nishalipa mwenyewe. Nataka ukurasa wa daftari wa Ijumaa, Jumamosi na Jumapili. Kama mlimwaga nyama, mnionyeshe mlimwaga kilo ngapi, nami nitaomba msamaha hapa hapa kwa herufi kubwa. Kama hamkumwaga mseme. Na mafriji yaunganishwe na jenereta kabla ya hizo taa za rangi za nje.

Vocha nimeirudisha kaunta, nimeiacha pale.

NYONGEZA Jumanne usiku: walionitumia ujumbe nimewaona, mpaka sasa ni nyumba 5, pamoja na mmoja wa Muyeye aliyekula Jumamosi jioni na akadhani ni malaria akanunua dawa za malaria. Nawaomba msitupe risiti, na kama ulilipa M-Pesa ile meseji usiifute, inaonyesha siku na saa. Yule mdogo anaendelea vizuri, leo amekula uji na ndizi. Mkubwa bado asema ni kosa lake kwa sababu yeye ndie aliyeomba kuku, tunamwambia sio wewe, haelewi.

Alhamisi saa tatu asubuhi nakwenda kwa bwana afya na risiti yangu na kadi ya hospitali. Alieugua Jumamosi au Jumapili aje, tukutane nje ya geti.