"Shauri limelala tu mama, litaamka": huyu wakili mnamjua, msijifanye

Dodoma nzima mnamjua. Koti lilelile tangu serikali haijahamia huku. Leo asubuhi koridoni mwa mahakama anamwambia bibi aliyekuja na basi la alfajiri kutoka Mpwapwa: "Shauri limelala tu mama, litaamka."

LIMELALA! Limetupwa! Liliitwa kusikilizwa, mdaiwa yupo, mdai (bibi) hayupo, koti halipo. Amri ya IX ya Sheria ya Mwenendo wa Madai ikafanya kazi yake. Hapo hufungui jipya kwa madai yaleyale (wangekosekana wote wawili, angeweza, kama ukomo, yaani muda wa kisheria wa kufungua shauri, haujapita). Kilichobaki ni maombi ya kutengua amri ya kulitupa, ndani ya siku 30, na kiapo cha maandishi chenye sababu ya maana. Kama ni ugonjwa, cheti kitaje siku ileile, siyo cha wiki ya pili yake. Zikipita 30, unaanza na maombi ya kuongezewa muda, na kila siku uliyochelewa unaitolea maelezo. Moja moja!

Litaamka. Kama mbuyu mvua ikinyesha?

Kibaigwa_Gunia: Mleta uzi povu debe zima, bibi hujamwambia afanye nini. Aombe nakala ya mwenendo (kumbukumbu za shauri), aone siku ile lilipangwa kutajwa (kupanga hatua inayofuata tu) au kusikilizwa. Kama lilipangwa kutajwa tu, halikupaswa kutupwa kwa mdai kutofika. Hoja hiyo.

Mleta uzi: Sawa mkuu. Lakini "LITAAMKA"?

ZabibuChungu: Na asiandike kwenye kiapo "wakili wangu alisahau". Uzembe wa wakili kwa kawaida hauhesabiwi kuwa sababu. Ada kala yeye, tumbo linamuuma bibi.

Mrangi wa Kondoa: Afadhali nyie wa mahakamani. Baraza la ardhi siku 30 ni zilezile, ila unatoka Kondoa usiku wa manane, unafika, "mwenyekiti yuko safari, chukua tarehe". Mdai akikosa, shauri linatupwa. Mwenyekiti akikosa anatupwa nani?

Kibaigwa_Gunia: 😂😂

Bahi_Mpunga: Hamjakutana na steshenari ya nje ya geti. Wakikuona na kiapo mkononi, kopi inapanda bei. Halafu wino kama maji ya dengu, karani anakurudisha.

ZabibuChungu: Na chapati pale saa nne zimeisha.

Bahi_Mpunga: Saa nne? Saa tatu na nusu!

Mleta uzi: Jamani, turudi kwenye mada.

Mrangi wa Kondoa: Mada imelala tu mkuu, itaamka.