Mtafsiri kamwita Yuki MBWA, tena juu ya muziki

Wakuu, huyu mtafsiri anayeongea Kiswahili juu ya filamu mnamjua, simtaji. Safari hii kaivamia Wolf Children, katuni ya Kijapani ya Hosoda, ya 2012. Ile sehemu ya theluji: Hana na wanawe, Yuki na mdogo wake, wanateremka mlima mbio, watoto wanageuka mbwa mwitu, wanarudi kuwa watu, hakuna mazungumzo, ni muziki wa Takagi Masakatsu na vicheko tu. Jamaa kafungua maiki: "Mbwa hao! Oneni mbwa!" Mbwa! Baba yao ni uzao wa mwisho wa mbwa mwitu wa Japani, mnyama ambaye mara ya mwisho kuonekana kwa uhakika ni 1905, yeye kaona koko wa jalalani. Kabweka yeye mpaka theluji ikayeyuka.

Na kazi yenyewe hajui. Kachukua sauti ya stirio, kaishusha yote, muziki ukazama pamoja na maneno. Nakala yenye sauti ya mzunguko ya 5.1 ina chaneli sita, na maneno karibu yote yako ile ya katikati. Ukiongea, shusha hiyo tu desibeli 12 hadi 15, nyingine usiguse. Wakinyamaza, funga maiki. Mbwa!

Kipanga wa Pwani: Kwani kadanganya? Wana mikia.

MamaNgedere: Weka sabtaito ulale.

Fremu24: Sabtaito zipi? Zimepimwa kwa fremu (picha) 25 kwa sekunde, video ni 23.976. Mwanzo ziko sawa, ikitimia saa moja zimetangulia dakika mbili na nusu. Badilini kasi ya fremu ya faili zima, acheni kusogeza mstari mmoja mmoja!

Bi Mkia: Hayo madogo. Holo wa Spice and Wolf, katuni nyingine ya Kijapani, masikio na mkia wa mbwa mwitu, anajiita "wacchi", naye humwita mwenzake "nushi", Kijapani cha kizamani hicho. Huku kapewa Kiswahili cha taarifa ya habari. Mpeni Kimvita, lahaja ya Mombasa, aseme "ndoo" kwa njoo na "mato" kwa macho.

Kipanga wa Pwani: Kimvita cha nini? Holo wa kale, apewe Kiamu, cha Lamu.

MamaNgedere: Kiamu Dodoma nzima itaomba sabtaito.

Fremu24: Zangu ziko tayari.

Mwenye uzi: Wakuu, kasema MBWA lakini!

Bi Mkia: Tulia kwanza. Njaa kwa Kimvita ni "ndaa", na Holo haachi kudai matufaha. Hapo nani atabisha?

Kipanga wa Pwani: Mimi. Kiamu.