Nani alimpa maiki yule "mtaalamu wa maana za majina"???

Wakuu, naandika mikono inatetemeka, mnisamehe kwa herufi.

Yule jamaa wa majina mnamjua wote, msijifanye. Yule wa kanzu ya zambarau na klipu za "jina lako ndiyo nyota yako". Jana kaibuka kwenye arobaini ya binti yangu, aliyemwalika hajulikani mpaka sasa, kafagia sinia la watu sita, kisha kadaka maiki. Mtoto anaitwa nani? Chausiku. Jamaa kafumba macho kama anasikilizia mtandao, halafu: "Hili jina la wanga. Cha-usiku. Huyu atakuja kuruka na ungo."

Mbele ya mama yangu. Chausiku mwenyewe! Mtoto karithi jina la bibi yake, na bibi yupo pale mkekani, punje ya pilau kidevuni, anaambiwa ana ungo.

Chausiku ni aliyezaliwa usiku, basi. Mwajuma wa Ijumaa, Hamisi wa Alhamisi, Mwanaidi wa Idi. Waluo wana Otieno na Atieno, wa usiku vilevile, kwa hiyo Rorya nzima inapaa?

Tena katupa jina mbadala: Nala. Eti "kwa Kiswahili ni zawadi". Zawadi kwa Kiswahili ni ZAWADI, ndugu yangu! Hayo anayaokota kwenye saiti za Wazungu, anakuja kutufundisha sisi.

Ungo! Mama yangu hata bodaboda anaogopa kupanda.

Kidole Juu: Pole sana mkuu. Swali dogo tu, mmeshakagua uvunguni kwa bi mkubwa?

Mama Pacha: Mimi alinila elfu ishirini kuniambia Zuhura ni "ua la jangwani". Zuhura ni sayari, ile inayong'aa alfajiri. Mwanangu wa darasa la tano ndiye aliyenisahihisha.

Fundi Mikeka: Saiti hizohizo zinasema Kamaria ni "mwezi" kwa Kiswahili. Mwezi wapi? Mimi naijua kamari, na jana imeninyoa.

Ukweli Mchungu: Sinia la watu sita mnamtazama tu? Mlistahili.

Shida Mwenyewe: Afadhali yako umetukanwa kwa mdomo. Mimi naitwa Shida, karani kwenye cheti kaandika Shinda. Benki wananiambia hao ni watu wawili, nimlete mwenzangu.

Jumanne wa Jumapili: Nimezaliwa Jumapili. Mzee hataki maswali.

Mla Ukoko: Tuache majina. Hilo pilau lilikuwa na nyama?

Mleta uzi: Viazi. Lakini hoja siyo pilau jamani, mama kaambiwa UNGO mbele za wakwe!

Mla Ukoko: Arobaini pilau la viazi?? Na michango mlikusanya?

Ukweli Mchungu: Sasa namwelewa mtaalamu. Alikuwa na hasira.

Mama Pacha: Michango msinikumbushe. Kuna wifi mmoja yumo humuhumu, anayo elfu hamsini yangu ya kicheni pati tangu mwaka jana, na shughuli yenyewe haikufanyika.

Shida Mwenyewe: Mtaje!

Fundi Mikeka: Akirudisha nitumie mimi, leo nina mkeka wa uhakika.

Mama Pacha: Atarudisha wapi, kashanibloku.