Biskuti za mbwa za kuoka nyumbani zinaota ukungu siku ya nne. Tatizo ni nini?

Mpwani_Tanga

Wakuu habari za leo. Naomba msaada kwa wanaooka biskuti za mbwa. Natumia dona vikombe 2, unga mweupe wa ngano kikombe 1, karanga za kusaga vijiko 3 vya chakula, malenge ya kuchemsha kikombe 1, dagaa wa kusaga kiganja kimoja na yai 1. Nasukuma unene wa sentimita 1 hivi, nakata, naoka kwenye oveni ya gesi dakika 25 mpaka ziwe za kahawia.

Zikitoka ni ngumu, kesho yake zimelainika, siku ya nne zina ukungu, na kopo lina mfuniko unaobana kabisa. Nyingine zinavunjika zikiwa bado kwenye trei. Niongeze muda au nibadilishe mchanganyiko? Na je, nikiongeza mafuta hazitaharibika? Mbwa ni wawili, mmoja kilo 10, mwingine kilo 25. Nawasilisha.

JikoKavu

Mkuu, rangi ya kahawia inakuambia habari za ngozi ya biskuti tu. Ndani kuna habari nyingine. Malenge ya kuchemsha karibu yote ni maji, na kwa unene wa sentimita 1 dakika 25 hazitoshi kuyatoa. Usiku maji ya katikati yanasambaa hadi kwenye ganda, ndiyo maana asubuhi unakuta imelainika. Kopo linalobana hapo ni adui: linafungia huo unyevu humo humo. Mafuta hayazuii ukungu, na yakizidi yanaleta harufu ya kuchacha.

Kuvunjika kunatokana na dona. Mahindi hayana ule mnato wa ngano unaoshikilia donge, na wewe umeweka mara mbili ya ngano.

Achana na vikombe, tumia mizani ya jikoni. Mchanganyiko unaoshika vizuri: unga wa ngano usiokobolewa gramu 350, ini la ng'ombe lililochemshwa gramu 200 (pima likishaiva), yai 1, na maji yaliyochemshia ini mililita 100. Ini lichemshwe bila chumvi dakika 10 hadi 12, lipoe, kisha lisagwe kwenye blenda pamoja na hayo maji na yai hadi liwe uji mzito. Mimina kwenye unga, kanda dakika 3 au 4. Donge liwe gumu kuliko la chapati, lisinate kwenye kidole. Likinata ongeza unga kijiko kimoja kimoja. Likipasuka pembeni unapolisukuma, lifunike dakika 20 unga unywe maji, usikimbilie kuongeza maji. Hamira na bekingi pauda havina kazi hapa. Hutaki ziumuke, unataka zikauke.

Sukuma milimita 5, si zaidi. Kata kwa kisu vipande vya sentimita 3.5 kwa 3.5, vitobolewe kwa uma mara moja moja ili mvuke upate njia. Donge hili la gramu 700 linatoa vipande kama 90.

Kuoka ni mara mbili. Kwanza nyuzi 170 kwa dakika 25, geuza vipande katikati ya muda. Halafu shusha hadi karibu nyuzi 100, uviache saa 1 na nusu hadi 2. Oveni nyingi za gesi hazishuki hivyo hata ukizungusha kitasa mpaka mwisho, kwa hiyo weka mwiko wa mbao mlangoni ubaki wazi kidogo: joto linapungua na mvuke unatoka. Kisha zima, acha vipande humo humo vipoe.

Kama oveni yako haina kipimo cha joto, weka kijiko cha chai cha sukari juu ya kipande cha foili, kiingie oveni iliyokwisha pata moto kwa dakika 15. Sukari ikiyeyuka umepita nyuzi 185, punguza.

Sasa kipimo chenyewe. Pima donge lote kabla ya kuoka, pima biskuti baada ya kupoa. Kwenye gramu 700 za mchanganyiko huu, vitu vikavu ni kama gramu 400. Biskuti zikibaki na maji asilimia 10, mizani itasoma gramu 445 hivi. Ikisoma 520 bado kuna zaidi ya asilimia 20 ya maji, na hizo ndizo zitakazoota ukungu hata ziwe ngumu kama kigae. Zirudishe kwenye moto mdogo nusu saa, pima tena. Ukiongeza unga wakati wa kukanda, hesabu inabadilika: kila gramu 10 za unga zinaongeza kama gramu 10 kwenye uzito wa mwisho.

Dr_Mifugo_Moro

Hesabu ya JikoKavu iko sawa. Mimi niseme ya usalama, kwa sababu kwenye orodha ya mwanzisha mada kuna vitu viwili vinanipa wasiwasi kuliko huo ukungu wa nje: dona na karanga.

Sumukuvu inatoka kwenye kuvu walioshambulia mahindi au karanga shambani au ghalani, na joto la oveni ya nyumbani haliiondoi. Ukioka kuvu atakufa, sumu itabaki. Mbwa ni miongoni mwa wanyama wanaoathirika haraka. Ini ndilo linaloharibika, na dalili (kukataa chakula, kutapika, macho na fizi kugeuka njano) mara nyingi zinaonekana wakati hali imeshakuwa mbaya. Ni sumu ile ile iliyoua watu Dodoma na Manyara mwaka 2016. Kuna watu wana tabia ya kuwatengea mbwa mahindi "yaliyoharibika kidogo". Hayo ndiyo hasa ya kutupa. Karanga chagua mwenyewe punje kwa punje, toa zilizosinyaa, zilizobadilika rangi na zenye uchungu, kisha saga. Usinunue zilizokwisha sagwa kwa sababu huoni kilichoingia. Na hizo biskuti zenye ukungu usikwangue juu ukampa. Tupa zote.

Siagi ya karanga ya dukani soma lebo. Ikiwa na sukari mbadala iitwayo zailitoli, ambayo kwenye lebo inaweza kuandikwa kwa namba tu, E967, isiguse jikoni kwa mbwa. Gramu 0.1 kwa kila kilo ya uzito wake inatosha kushusha sukari ya damu kwa ghafla; kwa mbwa wako wa kilo 10 hiyo ni gramu 1 tu.

Vingine visivyoingia kabisa: vitunguu vya aina zote, vibichi, vya kupikwa au vya unga, maana vinapasua chembe nyekundu za damu, chokoleti na kakao, zabibu mbichi na kavu, makadamia. Na kwa sisi wa huku naongeza ukwaju. Asidi iliyomo kwenye zabibu, ambayo ndiyo inayoshukiwa kuharibu figo za mbwa, imo pia kwa wingi kwenye ukwaju, na kuna mbwa walioripotiwa kupata madhara ya figo baada ya kuula. Mchuzi wa biryani au wa samaki uliobaki usiutumie kukandia donge, mara nyingi vitunguu, ukwaju na chumvi vyote vimo humo.

Bandarini77

Daktari, lakini kitunguu saumu kidogo si ndiyo dawa ya viroboto? Wengi wanaweka punje moja kwenye mchanganyiko.

Dr_Mifugo_Moro

Hapana mkuu. Hakifukuzi viroboto, na kiko kwenye kundi lile lile la vitunguu, tena kikali zaidi gramu kwa gramu. Punje moja kwa mbwa mkubwa huenda isionyeshe kitu siku hiyo, lakini biskuti zinaliwa kila siku na madhara kwa damu yanajumlishana. Viroboto tibu kwa dawa ya viroboto, ikiwemo kusafisha mahali anapolala.

DagaaMwanza

Hakuna aliyeuliza dagaa gani. Kama uko Tanga na umenunua dagaa wa pwani, uwezekano mkubwa wamechemshwa kwenye maji ya chumvi kabla ya kuanikwa. Chumvi hiyo si nzuri kwa mbwa, na pia inavuta unyevu kutoka hewani. Hewa ya pwani unyevu wake mara nyingi unapita asilimia 75, na hapo chumvi inaanza kulowa yenyewe. Hata biskuti iliyokauka vizuri italainika.

Tumia dagaa wa ziwani, wa Mwanza au Kigoma, waliokaushwa juani bila chumvi. Tatizo lao ni mchanga. Loweka kwenye maji ya uvuguvugu dakika 10, wainue kwa mkono usiwamwage kwa chujio, mchanga ubaki chini. Rudia mpaka bakuli libaki safi. Kausha kwenye kikaango kikavu moto mdogo, saga, chekecha. Kwenye mchanganyiko wa JikoKavu toa ini, weka unga wa dagaa gramu 80 na maji mililita 200. Ukishaoka na kukausha upate kama gramu 430. Hizi zitumie ndani ya wiki 2, mafuta ya samaki yanachacha mapema.

Mpwani_Tanga

Asanteni sana wakuu. Ni kweli dagaa ni wa pwani. Maswali mawili ya mwisho: gesi ikiisha naweza kuoka kwa mkaa? Na nitoe vipande vingapi kwa siku?

MkaaNaMchanga

Unaweza. Sufuria kubwa nzito, mchanga mkavu uliochekechwa sentimita 2 chini, juu yake vigae vitatu vya kushikilia trei isiguse mchanga. Funika kwa mfuniko bapa, kisha gawa makaa: theluthi moja chini, theluthi mbili juu ya mfuniko. Wengi wanafanya kinyume, ndipo chini panaungua na juu panabaki peupe. Washa dakika 15 kabla ya kuingiza trei. Baada ya dakika 25 toa makaa yote ya juu, ya chini yafunike kwa majivu, inua mfuniko kwa kijiti upande mmoja mvuke utoke. Acha saa 2 na nusu au 3.

Jua nalo linasaidia kumalizia, kama kuna wavu wa kuzuia nzi na unaingiza trei kabla jioni hewa haijaanza kuwa na unyevu. Masika usijaribu.

JikoKavu

Kuhusu kiasi: vitu vya kutafunatafuna visizidi asilimia 10 ya nguvu anayohitaji kwa siku. Mbwa mzima wa kilo 10 anahitaji kama kalori 630, wa kilo 25 kama 1,250. Kipande kimoja cha hizi za ini kina uzito wa gramu 5 na kalori 18 hivi. Kwa hiyo mdogo vipande 3, mkubwa 7, na chakula chao cha kawaida kipungue kidogo. Kama unawafundisha na unahitaji kutoa mara nyingi, kata kila kipande mara nne. Mbwa anahesabu mara alizopewa, hapimi ukubwa.

Kama ugali wao tayari unachanganywa na ini kila siku, oka za dagaa. Vitamini A ya ini inajilimbikiza mwilini na ikizidi inaharibu mifupa na viungo.

Kuhifadhi: zisiingie kwenye kopo zikiwa na uvuguvugu hata kidogo, matone yatajikusanya chini ya mfuniko. Gawa mafungu ya wiki moja moja, moja likae kwenye kopo, mengine friza. Fungu la friza lifungue likishafikia joto la chumba. Ukilifungua likiwa la baridi, hewa ya Tanga italilowesha ndani ya dakika chache.

Bandarini77

Na wale wenye meno mabovu?

JikoKavu

Mbwa mzee asiyeweza kutafuna mpe za laini: donge lile lile, milimita 8, nyuzi 170 dakika 20, bila kukausha. Hizo ni za friji, siku 4 basi, zilizobaki zigandishwe siku hiyo hiyo ya kuoka.